Kumbukumbu ya mradi wa filamu, wiki ya 3: mchoraji na anayechorwa

Onyesho halijabadilika: mwaka 1770, mwanamke mchoraji, mwenzake ambaye tayari ameposwa, chumba kimoja.

Jaribio la kwanza limetupwa. Anayechorwa alipigwa kwa lenzi ya milimita 85, inayovuta uso karibu na kutia ukungu nyuma yake, mchoraji kwa 35, inayoonyesha eneo pana, na anayechorwa akageuka pambo la kutazamwa. Ni kosa lilelile alilolikosoa mhakiki wa filamu Laura Mulvey mwaka 1975, ila safari hii limevaa gauni. Sasa wote wawili wanapigwa kwa milimita 50, kutoka mita 1.2, kamera usawa wa macho, ikikaribia kugusa sikio la mwenzake anayemtazama. Katika filamu ya Céline Sciamma ya 2019, Portrait de la jeune fille en feu, mchoraji anadhani ndiye anayemchunguza mwenzake, kumbe naye anasomwa. Kamera ikimpendelea mmoja, hilo halionekani.

Mishumaa mitatu, nusu mita kutoka usoni, hutoa lux 12 hivi (lux ni kipimo cha mwanga unaofika usoni). Kwa ISO 1600 (wepesi wa kamera kunasa mwanga), f/1.4 (upana wa tundu la lenzi; namba ndogo, tundu kubwa) na 1/48 ya sekunde, ngozi inasomeka, giza kidogo. Kilichosumbua ni fokasi: kina chake, yaani sehemu inayoonekana wazi mbele na nyuma ya jicho, ni kama sentimita 4, hivyo akiinama kidogo tu, jicho linaingia ukungu. Mishumaa imesogezwa hadi sentimita 35, mwanga ukaongezeka maradufu, lenzi ikafungwa hadi f/2. Kina sasa kinakaribia sentimita 6. Bado finyu, lakini mtu anaweza kupumua.

Koseti, vazi la kubana kiwiliwili linalofungwa kwa ugwe mgongoni, imechukua muda kuliko vyote. Mwanzoni ugwe ulipitishwa msalaba kama wa viatu, jambo lisilo la karne ya 18. Wakati huo ugwe ulikuwa mmoja, ukizunguka kama springi, na vitundu vya pande mbili havikulingana. Kuufungua ni kuuchomoa tundu kwa tundu, na hapo ndipo penye uhondo: kwa wanawake ambao penzi lao halitajwi, kazi hii ndiyo ruhusa pekee ya kushika mgongo. Shoti haikatwi. Kamera inabaki kwenye uso wa anayefungua. Ikiteremka mgongoni, tunarudi kwenye pambo.

Muziki hakuna. Maikrofoni iko karibu na ugwe, maana kila tundu lina mlio wake.

Kinachofuata ni mkono unaochora. Kwa Sciamma ulikuwa wa mchoraji Hélène Delmaire, si wa mwigizaji. Wa kwetu lazima ulingane na wa mwigizaji kwa kucha na rangi ya ngozi, na mkaa uwe umeingia kwenye mikunjo ya vidole kabla kamera haijawashwa.