Cherehani Isiyo na Kitambaa

Nilipoanza kutengeneza filamu za hali halisi niliamini kwamba kazi yangu ni kutazama. Aliyenitoa katika imani hiyo ni Mmarekani Frederick Wiseman, aliyewahi kufundisha sheria kabla ya kugeukia filamu. Wiseman hakushika kamera. Alishika kipaza sauti, naye mpiga picha akafuata kule kipaza sauti kilikoelekezwa, yaani sikio ndilo lililoliongoza jicho.

Katika filamu zake hakuna msimulizi wala mahojiano, na muziki hausikiki ila ule uliokuwapo mahali penyewe. Katika Welfare, filamu ya mwaka 1975 yenye dakika 167, watu wanasubiri msaada katika ofisi ya ustawi wa jamii mjini New York, wakitumwa huku na kurudishwa kule kwa sababu ya karatasi iliyokosekana, na hakuna anayetuambia kwamba utaratibu una kasoro. Tunaketi nao mpaka tunachoka pamoja nao. (Nakiri kwamba mara ya kwanza nilisinzia.) Wapo wasemao kwamba mtindo huo hauna upande, jambo ambalo mwenyewe amelikataa, nami nakubaliana naye: mtu anayerudi na picha za zaidi ya saa 100, akakaa miezi kadhaa akizihariri, ametoa maoni yake kila alipokata.

Mwaka jana nilijaribu njia hiyo barazani kwa fundi cherehani wa mtaani kwetu. Siku ya kwanza kila mpita njia aliisalimu kamera, na fundi mwenyewe alivaa shati la Idi. Siku ya pili nilikosea: alikuwa ameulamba uzi na kuupitisha kwenye tundu la sindano mara moja tu bila hata kuangalia, nami nikamwomba arudie. Alirudia mara nne, mkono ukimtetemeka kama mwanafunzi mbele ya mtahini, na hakuna hata picha moja niliyoweza kuitumia.

Siku ya tano, walipokuwa wameshanizoea, alikuja mama kuulizia gauni lake.

“Njoo kesho, mama.”

“Kesho ipi, fundi? Ile ya Jumatatu au nyingine?”

Kamera ilikuwa usoni pa mama. Usiku, nikisikiliza kwa spika za masikioni, niligundua kwamba cherehani ilikuwa ikizunguka kwa mlio mwepesi, usio na mzigo: fundi alikuwa anakanyaga pedali bila kitambaa chochote chini ya sindano, ili aonekane kazini. Nilikuwa nimeandika maelezo marefu kuhusu mafundi wanaozidiwa na oda. Niliyafuta yote, nikauacha mlio huo peke yake kwa sekunde 40.

Nilipomwonyesha fundi, alicheka mpaka akafika hapo, kisha akaniuliza kwa upole kama ni lazima yule mama naye aione.