Mama, LUKU na zile namba za kwenye kona ya skrini

Ilianza na goli. Nilikuwa nacheza mpira kwenye PC, dakika ya 88, nikapiga shuti la mbali likaenda kulala kwenye pembe ya juu kabisa, si nikakumbuka ile ovalei ya NVIDIA niliyoiwasha wiki ileile, nikabonyeza Alt na F10, nikapata klipu ya dakika moja ya mwisho nikaitupa kwenye grupu letu la WhatsApp bila hata kuisikiliza. Baada ya muda kidogo grupu zima linacheka, na hawachekei goli. Kumbe maiki ilikuwa wazi. Yaani mpira unaingia wavuni afu kwa nyuma anasikika mama, safi kabisa kama mtangazaji wa redio: "We mtoto we! Hilo limashine lako ndo linamaliza LUKU humu ndani, juzi tu nimeweka ya elfu kumi!"

Mpaka leo nikipita kijiweni hapa Isevya, Tabora, kuna mtu lazima aniulize unit za LUKU, yaani za umeme wa kulipia kabla, zimebaki ngapi.

Sa kwa wasioijua, ovalei ni ile programu ya kadi ya grafiki inayotokea juu ya gemu bila wewe kutoka kwenye gemu. Kwa kadi za NVIDIA unabonyeza Alt na Z, inafunguka. Humo unarekodi, unapiga skrinshoti, na unawasha zile namba za kwenye kona, za hizo unabonyeza Alt na R tu. Wenye kadi za AMD nao wana ya kwao ndani ya programu yao ya Adrenalin, namba zinakuja kwa Ctrl, Shift na O. Zamani ukiwa na NVIDIA ilikuwa lazima uwe na GeForce Experience na ilikuwa inakudai uingie na akaunti kwanza, kitu kilichokuwa kinaniboa kweli, ila Novemba 2024 wakatoa rasmi NVIDIA App na humo akaunti si lazima. Ukiwa mtu wa bando kama mimi jipange tu, draiva (ile programu inayoiendesha kadi) peke yake inazidi MB 600, mi nilishushia usiku kwa bando la usiku.

Mashine yangu usiiwazie makubwa. Ni ile ya ofisini ya mtumba, prosesa ni i5 ya kizazi cha 4, RAM GB 8, nikaichomekea kadi ya NVIDIA, GTX 1650, niliyoagiza Kariakoo ikaja kwa basi imeviringishwa kwenye fulana mbili. Nilichagua 1650 kwa sababu moja tu, inakula wati 75 na ile niliyopata haihitaji waya wa ziada kutoka pawasaplai, maana hizi mashine za ofisini waya huo mara nyingi haupo. Ni kadi ya 2019, ina GB 4, kwa gemu ninazocheza mi inanitosha.

Turudi kwa mama. Ile kauli yake iliniuma kwa sababu sikuwa na jibu. Kweli mashine inakula? Inakula kiasi gani? Nikaenda kwenye setingi za ovalei nikakuta pale unapochagua namba za kuonyesha kuna na wati za kadi. Nikawasha. Nikaongeza joto, nikaongeza asilimia ya matumizi ya GPU (kadi yenyewe) na ya CPU (prosesa), nikaziweka juu kulia. Kabla ya hapo nilikuwa nimeacha fremu peke yake, yaani picha ngapi kadi inatengeneza kwa sekunde, kama wengi, namba ya kujisifia tu.

Nikafungua gemu moja ya magari. Sijaanza hata mbio, niko kwenye menyu tu nachagua gari, gari lenyewe linazunguka taratibu kwenye sakafu inayong'aa. Kwenye kona: fremu 280 na kitu, GPU asilimia 99, wati 74, joto nyuzi 84. Nikakaa nikaziangalia. Naingia kwenye mbio zenyewe, fremu zinashuka 90, wati 73. Kwa hiyo ile picha ya gari linalozunguka ilikuwa inaichosha kadi sawasawa na mbio zenyewe, na mimi nina tabia ya kuacha gemu kwenye menyu naenda kula, naoga, narudi. Mama alikuwa na hoja bwana.

Sababu ni rahisi ukishaielewa. Kadi isipopewa kikomo inatengeneza fremu nyingi kadiri ya uwezo wake wote, na menyu ni nyepesi, basi inazifyatua tu kama mashine ya kukoboa iliyoachwa inazunguka bila mpunga. Skrini yangu ni ya Hz 60, inabadilisha picha mara 60 kwa sekunde, maana yake hata kadi ikitoa 280 mi naonyeshwa 60, zilizobaki ni joto na kelele za feni. Nikaingia kwenye setingi za NVIDIA nikaweka kikomo cha fremu 60 kwa gemu zote, hicho kipengele kimo ndani ya draiva tangu Januari 2020. Kurudi kwenye menyu: wati 29. Kwenye mbio: 45 hivi, zinapanda zinashuka. Feni ikanyamaza mpaka nikadhani imekufa.

Lakini hiyo ni kadi tu, ovalei haikuonyeshi wati za mashine nzima, hapo nikapiga hesabu ya kichwani na skrini yake na kila kitu, kabla ya kikomo nikakadiria wati 160. Unit moja ni wati 1,000 kwa saa moja, kwa hiyo ukicheza masaa sita hiyo ni kama unit moja. Elfu moja ya LUKU kwetu inatoa unit 2.8, kwa hiyo unit moja ni kama shilingi 357. Nikaenda kwa mama na karatasi. Nikamwambia mama angalia, masaa sita ni shilingi 357, na pasi ya umeme ya wati 1,000 ukinyoosha nguo saa moja tu ni hizohizo. Akaniangalia, akasema, "Kwa hiyo unataka tuvae nguo zenye makunyanzi ili we ucheze." Karatasi nikaikunja.

Nyuzi 84 nazo hazikunipa amani. Mwezi wa kumi Tabora mnaujua, mvua bado, jua la kuchoma, chumba changu kina bati bila siling'i bodi na dirisha linaangalia barabara ya vumbi, bodaboda ikipita unaona lile wingu linaingia ndani linakaa mezani kama mgeni. Namba nyingine niliyoiwasha ni mwendo wa kadi kwa MHz, na hapo ndo nikaona kitu nisichokuwa nakijua: mwanzo wa gemu kadi inakimbia 1860, baada ya nusu saa ya mchana iko chini ya 1700. Kadi yenyewe ikipata joto inapunguza mwendo ili isiungue, haikuambii, we unaona tu gemu imekuwa nzito unalaumu gemu. Nikafungua kava. Jamani. Ndani ya ile hitisinki, yale mabati membamba ya kupoza kadi, kulikuwa na blanketi, lile vumbi jekundu letu limeshikana na nyuzi za nguo (zile fulana mbili labda). Nikaipeleka kwa fundi simu mwenye bloa, akanipulizia buku tu. Ukienda kupuliza shika mapanga ya feni kwa kidole yasizunguke, bloa inaweza kuyazungusha kupita kiasi ukaua feni. Nikarudi, saa nane ileile ya mchana, gemu ileile, kikomo nimekitoa makusudi ili nilinganishe sawa: nyuzi 72.

Sa GTA V ndo ilinichanganya. Mjini katikati ilikuwa inakwamakwama, nikajua kadi imeshindwa, nikaanza kuulizia bei ya kadi kubwa zaidi, 1660. Ovalei ikaniokoa hela. Nikiendesha gari kasi mjini, fremu 48, GPU asilimia 55, CPU asilimia 98. Yaani kadi imekaa inasubiri kazi, aliyezidiwa ni i5 wa watu. Hapo hata ningenunua kadi ya milioni nisingepata kitu, ingekuwa umemwongezea mla ugali wakati tatizo ni mpishi mmoja. Hii kwangu ndo faida kubwa ya hizo namba kuliko kurekodi na filta na mbwembwe zote: GPU ikiwa 95 kwenda juu na fremu hazikutoshi, kadi ndo imefika mwisho, punguza grafiki au nunua nyingine. GPU ikiwa imelala chini, na hujaweka kikomo, tafuta mchawi kwingine.

Mchawi wangu mmoja alikuwa ni RAM. Ilikuwa GB 8 kwenye kijiti kimoja. Vijiti viwili vinavyofanana CPU inavisoma kwa njia mbili kwa pamoja, kimoja ni njia moja. Nikapata kijiti kingine cha GB 8 kutoka mashine iliyokufa, nikachomeka. Fremu zikapanda kutoka 48 mpaka 57 tu, ukisikia hivyo unaona si kitu. Ila kuna namba nyingine pale, ile ya asilimia 1 ya chini, yaani kasi ya zile fremu chache zinazochelewa kuliko zote, hiyo ilitoka 22 ikaenda 37, na hapo ndo mkono ukasikia tofauti. Wastani unadanganya. Basi la kwenda Nzega linaweza kufika kwa wakati mzuri kabisa huku limekurusha kwenye kila tuta, we ukishuka utaongelea matuta, hutaongelea muda. Asilimia 1 ya chini ndo matuta. Fremu 60 kwa sekunde ni kila fremu inapata milisekunde 16.7, sasa moja ikichelewa ikachukua 45, jicho linaona hata kama wastani umekaa palepale.

Kurekodi niseme kidogo kwa sababu nililia siku moja. Kuna njia mbili, Alt na F9 unaanza na kumaliza mwenyewe, na ile ya marudio ambayo inashika dakika za mwisho muda wote we unabonyeza F10 ukipenda kitu. Mi nilirekodi kwa F9 dakika 40 nzima, fainali ya ligi yetu ya mtaani, dogo wangu ananishangilia, dakika ya 39 umeme ukakatika. Faili likawepo, GB kadhaa, halifunguki kwa dawa yoyote. Video za MP4 huwa zinaandikiwa taarifa zake za kufungulia mwishoni, ukikatwa kabla ya hapo una mzigo usio na mlango. Tangu hapo natumia marudio tu, goli likiingia nabonyeza, linaandikwa palepale. Na ubora nilishusha, ukiacha megabiti 50 kwa sekunde dakika moja inakula karibu MB 375, kwa klipu ambayo WhatsApp wataikamua iwe kama picha ya kitambulisho. Mi naweka 10. Na maiki NAZIMA, Alt na Z, kile kialama cha maiki, kabla ya kitu kingine chochote.

Filta za Alt na F3 nilizijaribu nikaziacha, unaongeza rangi GTA inakuwa kama Miami kweli lakini fremu unazilipia, na Desemba 2024 watu walipima wakakuta hicho kipengele cha filta na picha kikiwashwa tu gemu nyingine zinapoteza mpaka asilimia 15, hata kama hujaweka filta yoyote, NVIDIA wenyewe wakaelekeza namna ya kukizima. Kama huzitumii, zima.

Kuna ubaya wake pia, ngoja niseme. Ukishawasha namba unaacha kucheza unaanza kuwa nesi, kila dakika jicho liko kwenye kona unapima joto la mgonjwa. Nimefungwa goli tatu nikiangalia nyuzi. Siku hizi nikimaliza kurekebisha kitu nabonyeza Alt na R zipotee, nazirudisha nikisikia feni imebadilika sauti.

Sema juzi nilizisahau ziko wazi. Mama kaingia kuniletea matobolwa kwenye sahani, nikamwamkia, akasimama nyuma ya kiti kimya, nikajua hapa inakuja ile ya LUKU. Akanyoosha kidole kwenye kona.

"Hiyo ya W ndo umeme?"

"Ndiyo mama, arobaini na mbili."

"Mbona juzi ulisema ishirini na tisa?"

"Ile ilikuwa menyu, mama."

"Basi rudi kwenye menyu," akaweka sahani, akatoka.