Tipa kizuizini, kifusi shambani

Nimelelewa na tipa. Baba alikuwa nalo moja pale Tanga, la mkopo, na siku ya rejesho nyumba nzima ilinyamaza. Ndiyo maana nilipokwenda Kochi, jimbo la Kerala huko India, kusomea shahada ya pili ya sheria, wenzangu waking'ang'ana na kesi za hakimiliki, mimi nilizama kwenye hukumu za malori yaliyokamatwa.

Kerala hukumu hizo hazikosekani. Jimbo lile lilikuwa na karibu hekta 880,000 za mpunga katikati ya miaka ya 1970. Leo zimebaki kama 200,000. Udongo mwekundu unachimbwa vilimani, unamwagwa majarubani, nyumba zinapanda. Mvua za Juni zikianza, maji hayana tena pa kutuama. Ndipo mwaka 2008 ikapitishwa sheria ya kulinda mashamba ya mpunga na ardhioevu, na ndani yake mna meno makali: gari linalomwaga kifusi shambani linakamatwa, na mtawala wa wilaya, anayeitwa Collector, ana uwezo wa kulitaifisha. Mwenye gari akitaka kulinusuru, analipa mara moja na nusu ya thamani yake. Nilidhani nimesoma vibaya. Yaani kulikomboa ni ghali kuliko kununua jingine la aina ile ile!

Wenye malori basi hukimbilia Mahakama Kuu, iliyo hapo hapo Kochi. Hoja ya kwanza ni ya tarehe. Sheria ilianza kutumika Agosti 12, 2008, kwa hiyo swali ni kama kiwanja kilikuwa shamba la mpunga siku ile. Daftari la ardhi linaweza kusema ni shamba, kumbe pana minazi mirefu iliyopandwa zamani. Katika migogoro ya namna hii huitishwa hadi picha za satelaiti, na umri wa miti hujadiliwa kwa makini. Mtoto wa Tanga nilifurahi kuona mnazi ukitoa ushahidi.

Hoja ya pili: gari lilikuwa barabarani, halikuwa shambani. Sheria hii inakataza kulijaza shamba kifusi. Kubeba udongo peke yake ni suala la sheria nyingine. Hapo ripoti ya afisa ndiyo kila kitu. Aliliona likimwaga, au aliliona likipita tu?

Lakini kinachomkosesha mwenye gari usingizi ni yadi ya magari yaliyokamatwa. Gari likikaa juani na mvuani, tairi zinapasuka, betri inakufa, majani yanapenya hadi kwenye kabini. Mahakama ya Juu ya India ililiona hilo mwaka 2002 katika kesi iliyotoka Gujarat: haina maana kurundika magari kwenye vituo vya polisi kwa muda mrefu; hatima ya mali iamuliwe ndani ya siku 15 hadi mwezi mmoja. Mawakili wa malori huikumbatia hukumu hiyo. Wanaomba gari litoke kwa dhamana, mwenye gari aahidi kutoliuza wala kuligeuza umbo, na alilete likiitwa.

Upande wa pili, wa wanaolinda mashamba, nao una neno. Ukiliachia tipa upesi, usiku wa pili liko jaruba jingine. Faini, mwenye gari ataihesabu kama gharama ya mafuta. Nakubali. Hofu ya kupoteza gari ndiyo kitu pekee kinachomfanya dereva aulize, “Bosi, hapa tunamwaga wapi?”

Shida yangu ni kwamba anayeulizwa mahakamani ni bosi wa lori, na mara nyingi naye anafukuzana na rejesho. Mwenye kiwanja aliyeagiza kifusi haonekani katika ombi. Adhabu yake imo katika sheria hiyo hiyo, miezi sita hadi miaka miwili jela pamoja na faini, na Collector anaweza kuamuru ardhi irudishwe ilivyokuwa. Siku hizi nikisoma hukumu ya namna hii naruka thamani ya gari, naruka dhamana, natafuta kwanza kama kuna aliyeamriwa kuuzoa ule udongo. Hukumu nyingi nilizopitia zinaishia kwenye ufunguo wa gari.