Mama wa nyuma ya karai

Katika filamu nyingi nilizocheza hapa Bagamoyo, mhusika wangu hana jina. Muswada huandika "muuza samaki", "jirani" au "shangazi wa bwana harusi". Nazipenda nafasi hizi, na inaniuma zikiitwa za kujazia.

Chukueni huyo muuza samaki. Binti, mhusika mkuu, anakuja kulia mbele ya karai langu. Mimi nina sentensi moja tu. Kabla ya kurekodi nilikuwa nashinda soko la samaki, pale karibu na jengo la zamani la forodha, nikiwatazama wakaangaji. Hawalitazami karai, wanalisikiliza. Mafuta yakibadili mlio, mkono unageuza samaki, na huku mdomo unaendelea na habari za mtaa. Basi nami nikacheza hivyo: macho kwa binti, sikio kwenye mafuta.

Halafu kuna kazi ambayo mtazamaji haioni. Sini moja, yaani tukio moja la filamu, hurudiwa: kamera hulipiga kwa mbali, kisha uso wa binti, kisha wangu. Kila mara mwiko uwe mkono uleule, kwenye neno lilelile, la sivyo mhariri hawezi kuunganisha picha. Hata samaki hubadilishwa, wasionekane wameiva kisha wakawa wabichi tena. Filamu zetu za bajeti ndogo mara nyingi hazina mtu wa kufuatilia hayo peke yake, kwa hiyo mwigizaji huyabeba kichwani.

Ninayemtazama sana ni Harry Dean Stanton, mwigizaji Mmarekani wa Kentucky, aliyezaliwa 1926 na kufariki 2017. Kwa miaka mingi alipewa vipande vidogo. Mwaka 1984, akikaribia miaka sitini, mwongozaji Mjerumani Wim Wenders akampa nafasi ya mhusika mkuu katika Paris, Texas, filamu iliyotwaa Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa. Inaanza akitembea jangwani, na muda mrefu unapita bila yeye kutamka neno. Mimi naamini ukimya ule aliujenga katika miaka yote ya kuwasikiliza wengine wakipewa maneno.

Chuoni TaSUBa, taasisi ya sanaa na utamaduni ya hapa Bagamoyo, tulifundishwa jukwaa: sauti imfikie aliyekaa mwisho, mwili ushindane na ngoma. Pumzi niliyonayo niliipata pale. Mbele ya kamera naitumia kwa kuibana.

Wadogo zangu mnaoongoza filamu, bajeti zenu tunazijua, hatuwadai msichokuwa nacho. Ila mwishoni mwa filamu andikeni jina la kila aliyecheza, tena bila kulikosea. Ni jina hilo lililomwezesha mwongozaji mmoja wa Tanga kunitafuta baada ya kumwona yule mama wa karai. Amenipa sini mbili, sina hata neno moja, ni mwanamke anayeshona makuti wakati wanawe wanagombea shamba. Jirani yangu ameshaanza kunifundisha, na vidole vinauma.