Faili ipo, programu inasema haipo

Jumatatu asubuhi nilikuta chupa 14 za maji ya visima kwenye friji, zimeingia kutoka Singida Jumapili jioni. Maji ya kupima naitreti, chumvi yenye nitrojeni, hayasubiri mtu: yakae kwenye nyuzi 4 na yapimwe ndani ya saa 48 tangu yachotwe, la sivyo bakteria huanza kuyachezea na jibu lako linakuwa hadithi. Nikawasha spektrofotomita, mashine inayopima mwanga unaonyonywa na maji, nikaacha taa ipate moto, nikafungua programu yake kwenye kompyuta. Ikafunguka bila neno. Nilipobonyeza kitufe cha kuunganisha mashine ndipo ikagoma: imeshindwa kupakia DLL ya draiva, moduli haikupatikana, na mkia wa namba, 0x8007007E.

Nikaingia kwenye folda ya programu. Faili ile ipo. Naiona kwa macho yangu, tarehe yake ya 2011, haijaguswa.

Mimi nimesomea maabara, si kompyuta. Lakini kwenye maabara ndogo anayejua kubadilisha wino wa printa ndiye IT, kwa hiyo nikavuta kiti.

DLL ni faili yenye kazi zilizokwisha kuandikwa, programu yoyote inaweza kuziazima. Mama yangu ningemwambia ni kinu cha uani: nyumba sita, kinu kimoja, mwenye mpunga wake anakuja kutwanga. Sasa kinu bila mchi ni gogo tu. DLL ya draiva, ile inayojua kuongea na mashine kupitia waya, nayo inaazima kazi kwa DLL nyingine. Hiyo nyingine ikikosekana, Windows inakwambia kinu hakipo. Mchi haiutaji kabisa. Aliyeandika ujumbe ule sijui alikuwa na haraka ya kwenda wapi.

Nikamwita kijana wetu wa field.

“Shikamoo dada.”

“Marahaba. Ijumaa ulifanya nini kwenye hii kompyuta?”

“Nilisafisha tu, dada. Diski ilikuwa imejaa. Nikakuta Visual C++ zimejirudia rudia, nikafuta, nikabakiza ile mpya.”

Visual C++ hizo ni mafurushi ya DLL za Microsoft ambazo programu nyingi huziazima. Nilitaka kukasirika nikashindwa, maana orodha ile inadanganya kweli: 2008, 2010, 2012, 2013, na kila moja mara mbili, x86 (ya biti 32) na x64 (ya biti 64). Mtu yeyote nadhifu angezipunguza. Kumbe hazijirudii. Programu iliyojengwa kwa toleo la 2010 inataka faili za 2010, za 2013 haizitambui. Ni kuanzia toleo la 2015 ndipo Microsoft walipoanza kuyaweka matoleo yanayofuata kwenye chungu kimoja.

Kujua ni ipi hasa iliyokosekana, nilileta Process Monitor, programu inayoonyesha kila faili ambayo programu nyingine inaitafuta, kwenye flash. Hii napenda kuitazama. Unaiwasha, unabonyeza kile kitufe kinachogoma, halafu unasoma programu ikihangaika mstari kwa mstari: inatafuta MSVCR100.dll, faili ya lile toleo la 2010, kwenye folda yake, haipo. Kwenye SysWOW64, folda ya mfumo, haipo. Kwenye folda ya Windows, haipo. Inapita njia zote ilizoandikiwa, haipo, haipo. Kama mtu anayegonga milango ya mtaa mzima akiulizia mchi.

Basi, nikajiona nimemaliza. Laptop yangu inayo faili hiyo. Nikaikopi kutoka System32, nikaibandika kwenye folda ya programu. Ujumbe ukabadilika: sasa faili ina muundo usiofaa, 0x8007000B.

Hapa ndipo mtego ulipo. Kwenye Windows ya biti 64, folda ya System32 ndiyo yenye faili za biti 64, na SysWOW64 ndiyo yenye za biti 32. Sijakosea kuandika, ndivyo walivyopanga. Programu yetu ni ya biti 32, na programu ya namna hiyo haiwezi kubeba DLL ya biti 64 hata uibembeleze.

Dawa yenyewe ilikuwa kwenye droo, chini ya vyeti vya kalibresheni: CD iliyokuja na mashine. Ndani yake kuna folda ambayo sijawahi kuifungua, na humo kisakinishi kizima cha toleo la 2010, x86, hakifiki hata MB 10. Nikasakinisha, nikawasha kompyuta upya, nikabonyeza. 0x8007000B ileile.

Nikakaa kimya kidogo. Kijana akasema, kwa adabu sana, “Dada, ile uliyobandika bado ipo.”

Ni kweli. Programu huanzia kutafuta kwenye folda yake yenyewe, kwa hiyo ilikuwa inaikuta yangu mbovu kabla haijafika kwenye nzima. Nikaifuta. Mashine ikaitika, taa ya kijani.

Saa sita na nusu niliweka maji safi yasiyo na naitreti kwa ajili ya sifuri, nikaanza chupa ya kwanza: usomaji kwenye nanomita 220, ambako naitreti hunyonya mwanga, kisha 275, kwa ajili ya kupunguza sehemu inayotokana na mabaki ya viumbe yaliyoyeyuka. Zote 14 zikaisha kabla ya saa kumi.

Kompyuta ile nimeibandika karatasi: USIFUTE CHOCHOTE, HATA KAMA KIPO MARA MBILI. Jana nimekuta mtu ameongezea chini kwa kalamu: hata vumbi?