Fernando Rey: sauti ilitangulia, sura ikafuata

Wengi wanamkumbuka mwigizaji huyu wa Hispania kwa ndevu nadhifu na mwavuli wa Alain Charnier, mfanyabiashara wa heroini katika The French Connection (1971). Nafasi hiyo aliipata kimakosa: mwongozaji William Friedkin alimtaka mwigizaji mwingine Mhispania, Francisco Rabal, majina yakachanganywa, akaletewa Rey. Ila anayetaka kuielewa kazi yake aanzie kwenye chumba cha kurekodia sauti.

Alizaliwa A Coruña mwaka 1917, jina kamili Fernando Casado Arambillet. Alikuwa akisomea usanifu majengo vita vya wenyewe kwa wenyewe vilipozuka mwaka 1936. Baada ya vita alipewa vijinafasi vidogo vya kupita tu mbele ya kamera, na riziki ikamjia pia kwa njia ya kuingiza sauti. Kazi hiyo haikukosekana, kwa sababu amri ya serikali ya mwaka 1941 ilikataza filamu za kigeni kuonyeshwa bila kutiwa sauti za Kihispania. Mwigizaji Mwingereza Laurence Olivier katika Hamlet (1948) aliwafikia Wahispania kwa sauti ya Rey.

Ugumu wa kazi yenyewe hauko kwenye kuwa na sauti nzuri. Filamu hukatwa vipande vifupi. Kwa desturi ya Hispania kipande kimoja hakizidi mistari 10, na mhusika mmoja hapewi zaidi ya mistari 5 mfululizo. Enzi za Rey kipande cha utepe kiliungwa mwanzo na mwisho kikawa duara, kikazunguka kwenye projekta tena na tena hadi mwigizaji akariri maneno, pumzi na vituo.

Kinachoharibu mara nyingi ni midomo. Herufi p, b na m hufumba mdomo. Mhusika akiwa amefumba mdomo kwenye skrini huku msikilizaji akisikia “a” ndefu, hata asiyejua lugha atashtuka. Basi neno hubadilishwa, hata kama tafsiri ya kwanza ilikuwa sahihi zaidi. Tatizo la pili ni urefu: Kihispania hula silabi nyingi kuliko Kiingereza. Mwigizaji mchanga hukimbiza maneno ili ayamalize yote, na hisia hufa hapohapo. Dawa ni kupunguza maneno. Na pumzi ya mwenye sura lazima uivute pamoja naye, la sivyo sauti itaelea juu ya picha kama mafuta juu ya maji.

Mwaka 1953 mwongozaji Luis García Berlanga alimpa Rey usimulizi wa filamu ya Bienvenido, Míster Marshall. Haonekani hata mara moja, lakini ndiye anayetuingiza kijijini Villar del Río, anawatambulisha wanakijiji na kuisimamisha picha apendavyo. Hatanii kwa kubana sauti wala kuchekacheka. Anasoma kwa adabu, na kejeli inajitokeza yenyewe. Adabu hiyohiyo ndiyo iliyokuja kumfaa mwongozaji Luis Buñuel, kuanzia Viridiana (1961) na Tristana (1970): mabwana waungwana wa kusema, waliooza ndani. Kwa maoni yangu mhusika wake Don Lope wa Tristana ndiyo kazi yake bora, kwa jinsi amri zake zinavyobaki tamu hata anapozeeka na kunyenyekea.

Halafu ukaja mwaka 1977. Katika Cet obscur objet du désir, filamu ya mwisho ya Buñuel, sura ni ya Rey lakini Kifaransa tunachosikia ni cha mwigizaji Mfaransa Michel Piccoli. Aliyewahi kumtilia Olivier sauti naye akatiliwa. Mwaka huohuo alishinda tuzo ya mwigizaji bora kwenye tamasha la filamu la Cannes kwa Elisa, vida mía ya Carlos Saura. Mwanzoni mwa filamu hiyo tunasikia sauti ya Rey, anayeigiza baba, ikisoma maneno ya binti yake katika nafsi ya kwanza, kana kwamba yeye ndiye Elisa.