Nilivyowapangia wazee usiku wa fainali ya futiboli ya vyuo

Fainali ya futiboli ya vyuo vikuu vya Marekani, ule mchezo wa mpira wa umbo la yai unaobebwa na kurushwa kwa mikono, ina tabia moja iliyonisaidia sana: tarehe na mji wake hutangazwa miaka kabla, ila timu hujulikana zikiwa zimebaki siku kumi tu. Majani yalipoanza kupukutika mwaka 2024, nilikuwa najua tayari kwamba fainali ingechezwa Atlanta, Jumatatu usiku, tarehe 20 Januari 2025. Nani angecheza, hakuna aliyejua. Kwa mtu wa makao ya wazee hilo ni jambo kubwa, kwa sababu kwetu hakuna linalofanyika bila kuandikwa kwenye ratiba mapema.

Mimi ni mzaliwa wa Muheza, Tanga, na ninafanya kazi ya msaidizi wa wauguzi mjini Columbus, Ohio, zamu ya jioni hadi saa tano usiku. Wazee wengi ninaowahudumia wameipenda Ohio State, timu ya chuo kikuu cha hapa Columbus, tangu utotoni. Mechi za Jumamosi za msimu wa kawaida hazitusumbui, kwani nyingi ni za mchana. Fainali ndiyo ngumu. Inaanza saa ya kuwapandisha wazee vitandani, na inakwisha zamu zinapokabidhiana. Miaka ya nyuma waliobahatika kuwa na televisheni chumbani waliitazama peke yao, wengine wakasikia matokeo asubuhi kwenye chai. Nilitaka safari hii waitazame pamoja, ukumbini, hadi mwisho.

Kabla ya kuomba ruhusa nilitaka kuelewa kwa nini mechi kubwa hivi inawekwa Jumatatu usiku katikati ya Januari. Tulikuwa na mzee mmoja aliyekaa dirishani siku zote, na yeye alishikilia kwamba ubingwa huamuliwa siku ya Mwaka Mpya. Wenzake walidhani kumbukumbu zinampotea. Hazikuwa zimempotea hata kidogo. Tarehe 1 Januari 1969 Ohio State waliifunga USC, timu ya chuo kikuu cha kusini mwa California, 27-16 katika Rose Bowl, mechi ya Mwaka Mpya ya mji wa Pasadena, timu ya kwanza kwa ubora dhidi ya timu ya pili, nao wakawa mabingwa. Kwa watu wa rika lake, Mwaka Mpya ndio ulikuwa kilele cha futiboli.

Ila hata siku hiyo haikuwa fainali. Rose Bowl ilianza mwaka 1902 na imekuwa ikichezwa kila mwaka tangu 1916, lakini bingwa alichaguliwa kwa kura. Waandishi wa habari walipiga ya kwao kupitia shirika la Associated Press kuanzia 1936, na makocha wakaanza ya kwao mwaka 1950. Kwa muda mrefu kura hizo zilifungwa kabla ya mechi za Mwaka Mpya, kwa hiyo timu iliweza kutawazwa kisha ikafungwa. Waandishi waliacha mtindo huo kabisa kuanzia msimu wa 1968, makocha wakafuata mwaka 1974. NCAA, chombo kinachosimamia michezo ya vyuo, hakijawahi kuandaa fainali ya ngazi hii ya juu.

Kura mbili maana yake ni kwamba mabingwa nao waliweza kuwa wawili. Bibi mmoja wa kwetu alizaliwa jimbo la Michigan, ambako timu ya chuo kikuu ni mahasimu wakubwa wa Ohio State, na msimu wa 1997 kwake ni jambo la jana. Michigan walimaliza bila kufungwa, Nebraska vilevile. Waandishi wakawapa Michigan, makocha wakawapa Nebraska, na timu hizo hazikukutana uwanjani. Ukimwambia kwamba ubingwa ule ulikuwa nusu, atakuhesabia mechi zote za msimu, moja baada ya nyingine. Mimi niko upande wake. Vijana waliocheza msimu mzima bila kupoteza walistahili kupewa nafasi ya kumaliza ubishi kwa miguu na mikono yao.

Kilio cha namna hiyo ndicho kilicholeta BCS mwaka 1998, mfumo uliochanganya kura na hesabu za kompyuta ili kupata timu mbili tu. Fainali yake ya kwanza, Tennessee dhidi ya Florida State, ilichezwa tarehe 4 Januari 1999. Hata hivyo msimu wa 2003 ukazaa tena mabingwa wawili, LSU (chuo kikuu cha jimbo la Louisiana) na USC. Kuanzia Januari 2007 fainali ikawa mechi ya peke yake, wiki moja baada ya Mwaka Mpya, na ya kwanza Ohio State walifungwa na Florida 41-14, bado inawauma. Msimu wa 2011 Alabama na LSU, timu za kanda moja zilizokwisha kukutana msimu uleule, zilirudiana kwenye fainali, na mwaka 2012 viongozi wakakubali mtoano wa timu nne. Ulianza msimu wa 2014, na fainali yake ya kwanza, tarehe 12 Januari 2015, Ohio State wakaifunga Oregon 42-20 baada ya kuingia wakiwa wa nne. Msimu wa 2024 timu zikawa 12.

Ukizipanga tarehe hizo utaona kilichonigusa mimi na kazi yangu. Kila walipoongeza haki, kwa maana ya timu nyingi zaidi kupata nafasi, fainali ilisogea mbele: tarehe 1, ikaja 4, ikaja 8, ikaja 12, na mwaka 2025 ikaja 20. Jumatatu nayo ina sababu yake. Sheria ya Marekani ya mwaka 1961 inaizuia ligi ya kulipwa, NFL, isirushe mechi zake Ijumaa jioni na Jumamosi hadi katikati ya Desemba, ili kulinda mechi za shule na vyuo. Muda huo ukipita, NFL wanaichukua Jumamosi pia, na Januari ni mwezi wao wa mtoano. Tangu 2022 wameweka mechi hata Jumatatu ya raundi yao ya kwanza, na mwaka 2025 hiyo iliangukia tarehe 13. Vyuo vikabaki na Jumatatu iliyofuata, sikukuu ya Martin Luther King.

Nilipokwenda kwa msimamizi niliyaeleza hayo kwa ufupi, nikampa karatasi moja. Aliuliza la maana: na Ohio State isipofika? Nikamjibu kwamba ukumbi utafunguliwa vilevile, wazee wetu wanaipenda fainali yenyewe. Akakubali kwa sharti kwamba dawa zisichelewe na zamu ya usiku isipokee ukumbi uliojaa watu.

Tarehe 30 Novemba Ohio State walifungwa na Michigan 13-10, nyumbani. Katika mfumo wa timu mbili msimu ungekuwa umekwisha pale. Mzee wa dirishani alinyamaza chakula kizima. Safari hii, wakiwa wamepangwa wa nane, waliingia kwenye mtoano, na mimi nikapata mechi za kujipimia.

Ya kwanza ilikuwa dhidi ya Tennessee, Jumamosi ya tarehe 21 Desemba, hapahapa Columbus, kuanzia saa mbili usiku. Nilikaa na daftari nikiandika saa za kila robo na za mapumziko. Mchezo wenyewe ni dakika sitini, robo nne za dakika kumi na tano, lakini saa husimama pasi ikidondoka, na matangazo ni mengi, hivyo yote hupita saa tatu na nusu kwa urahisi. Msimu huohuo kulikuwa na kanuni mpya: saa husimamishwa zikibaki dakika mbili katika robo ya pili na ya nne. Hiyo ikawa alama yangu. Kituo kile cha robo ya pili kikifika, wasaidizi wanaanza kuandaa watu wa chooni, na mapumziko yakianza njia iko wazi.

Robo fainali dhidi ya Oregon ilikuwa rahisi, kwa kuwa Rose Bowl huanza jioni saa za kwetu. Mzee wa dirishani akaipata Pasadena yake siku ya Mwaka Mpya, ushindi wa 41-21. Siku hiyohiyo Sugar Bowl, robo fainali nyingine, ya New Orleans, iliahirishwa hadi kesho yake kwa sababu ya shambulio lililoua watu Bourbon Street. Habari ilikuwa nzito ukumbini, na tuliizima televisheni kwa muda. Iliniongezea jambo moja kwenye karatasi: ratiba mbadala ya siku inayofuata, ikiwa na majina ya zamu.

Dawa ndizo zilizonipa kazi kubwa. Si mamlaka yangu, ni ya nesi na daktari. Nesi wetu anatoka Kisumu, nikamweleza kwa Kiswahili. "Dada, niandikie nani atakuwa wapi saa ngapi, mimi nitampigia daktari," akasema. Akapitia mzee mmoja mmoja. Wengine walipewa kabla ya mechi kuanza, saa moja na nusu, wachache wakasubiri mapumziko. Wenye kisukari waliwekewa kitafunwa chao kwa saa yake, kando na bisi za wengine. Wale ambao giza likiingia huchanganyikiwa na kutaka kwenda "nyumbani" hatukuwaleta kwenye kelele. Msaidizi mmoja alikaa nao chumba cha pili, taa za kawaida, sauti ya chini. Viti vya magurudumu niliviweka nyuma na pembeni, karibu na mlango, na waliosikia kwa shida mbele.

Ohio State wakafika fainali, na mechi ilianza na wapinzani wao, Notre Dame, wakishika mpira kwa karibu dakika kumi nzima kabla ya kufunga. Ukumbi ukapoa. Kisha Ohio State wakafunga kila waliposhika mpira, 21-7 mapumzikoni. Watu wa chooni wakaenda na kurudi kabla robo ya tatu haijaanza, dawa zikatolewa. Nani anataka kulala? Wawili tu, tukawapeleka. Matokeo yalifika 31-7, nikadhani wengine watasinzia, lakini Notre Dame wakarudi hadi 31-23 na hakuna aliyefumba jicho. Ilipobaki chini ya dakika tatu, Ohio State wakihitaji yadi kumi na moja ili waendelee kushika mpira, mrushaji wao Will Howard alimrushia mwenzake Jeremiah Smith pasi ya yadi 56. Bibi wa Michigan alipiga makofi. Ikaisha 34-23.

Niliomba wasaidizi wawili wa zamu ya usiku waje mapema, na niliwalipia fadhila hiyo kwa kuwashikia zamu zao wiki iliyofuata. Wao ndio walioanza kuwapeleka wazee vyumbani wakati kombe linakabidhiwa. Waliotaka kuliona walibaki, mzee wa dirishani wa mwisho kabisa, na ukumbi ukawa mtupu ndani ya muda aliotaka msimamizi.

Fainali iliyofuata ilipangwa tarehe 19 Januari 2026, Miami Gardens, Florida, Jumatatu tena, sikukuu ileile. Niliiandika mapema kwenye kalenda ya ofisi kwa wino mwekundu, na safari hiyo niliomba msaidizi mmoja zaidi kwa ajili ya viti vya magurudumu.